Namna ya Kumtazama Kiungo Mkabaji: Kujifunza kwa Michezo ya Gilberto Silva

Mwongozo huu umeandikwa kwa msomaji anayeupenda mpira lakini ambaye, akiulizwa kiungo mkabaji alifanya nini katika dakika 90, hukosa la kusema zaidi ya kwamba alicheza vizuri. Mshambuliaji hupimwa kwa mabao, kipa kwa mipira aliyookoa, na winga hata asipofunga huacha kumbukumbu ya chenga mbili tatu. Kiungo mkabaji, yule ambaye mashabiki wa Dar es Salaam humwita mkata umeme, kazi yake kubwa ni kuzuia mambo yasitokee, na jambo ambalo halikutokea haliwekwi kwenye marudio ya televisheni. Kwa hiyo kumtazama ni ujuzi wa kujifunza, na njia nzuri ya kujifunza ni kumchukua mchezaji mmoja aliyekwisha kustaafu, ambaye mechi zake zinapatikana, na kuzipitia kwa utaratibu.

Mchezaji ninayempendekeza ni Gilberto Silva wa Brazil. Wapo waliosifiwa kuliko yeye katika nafasi hiyohiyo; Dunga alikuwa nahodha wa kikosi kilichotwaa Kombe la Dunia mwaka 1994, na Mauro Silva aliyecheza pembeni yake kikosini humo alikuwa mkabaji wa hali ya juu. Hata hivyo Gilberto anafaa zaidi kwa mwanafunzi kwa sababu mbili. Kwanza, alicheza miaka 6 Arsenal, timu ambayo wasomaji wengi wa Afrika Mashariki wanaijua kwa majina yote 11, kwa hiyo hutapoteza muda kuuliza fulani ni nani. Pili, maisha yake ya soka yana kipindi ambacho aliumia na timu ikacheza muda mrefu bila yeye, na kipindi hicho kina faida kubwa kwa mwenye kujifunza, kama nitakavyoeleza.

Historia yake fupi inatosha kwa sasa. Gilberto Aparecido da Silva alizaliwa tarehe 7 Oktoba 1976 katika mji wa Lagoa da Prata, jimbo la Minas Gerais. Nyumbani kwao hapakuwa na fedha, na kabla soka halijamlipa alifanya kazi katika kiwanda cha peremende ili kuisaidia familia. Soka la kulipwa alilianza América ya Belo Horizonte mwaka 1997, akiwa amekwishafika umri ambao Wabrazili wengi wenye vipaji huwa wamekwisha kuuzwa Ulaya. Mwaka huohuo América ilitwaa ubingwa wa daraja la pili la Brazil, na mwaka 2000 akahamia kwa mahasimu wa jiji hilohilo, Atlético Mineiro. Timu ya taifa ilimwita kwa mara ya kwanza mwaka 2001, kwa hiyo alipokwenda Korea Kusini na Japani mwaka 2002 hakuna aliyemtarajia aanze. Siku moja kabla ya mechi ya kwanza, nahodha Emerson alijaribu kukaa golini mazoezini, akateguka bega. Gilberto akaingia katika nafasi yake na kucheza michezo yote 7 hadi Brazil ilipobeba kombe.

Kuandaa mechi za kutazama

Jambo la kwanza ni kuachana na video za dakika 5 zilizokusanya mabao na pasi zake nzuri. Kwa mshambuliaji video hizo zina faida kiasi, lakini kwa kiungo mkabaji hupotosha, kwa kuwa humwonyesha katika matukio machache ambayo hayakuwa kazi yake ya kila siku. Tafuta mechi nzima. Mechi kadhaa za zamani za Kombe la Dunia zimewekwa na FIFA yenyewe kwenye jukwaa lake la intaneti, na za Arsenal za miaka ile si ngumu kupatikana. Kama kifurushi chako cha data ni kidogo, chagua ubora wa chini wa picha bila wasiwasi, kwa sababu unachotafuta ni mahali alipo mtu uwanjani, wala huhitaji kuona jasho lake. Ilimradi namba ya mgongoni isomeke: akiwa na Brazil mwaka 2002 na mwaka 2010 alivaa namba 8, na Arsenal alivaa namba 19.

Mpangilio ninaoupendelea ni huu: anza na nusu fainali ya mwaka 2002 dhidi ya Uturuki, urudi nyuma kwenye robo fainali dhidi ya Uingereza, kisha uende kwenye mechi moja ya Arsenal ya msimu wa 2003/04, halafu nyingine ya msimu uliofuata ambayo yeye hakucheza. Mechi ya Arsenal na Juventus ya tarehe 28 Machi 2006 iweke akiba. Utakapoifikia, macho yako yatakuwa yamekwisha kuzoea.

Uwe na karatasi na kalamu. Chora mstatili wa uwanja, uugawe katika sehemu tatu kwa urefu wake na tatu kwa upana, upate vyumba 9. Karatasi hiyo moja ndiyo itakayokuwa kumbukumbu yako, na kila mechi iwe na karatasi yake.

Kumfuata mtu badala ya mpira

Weka nusu fainali ya tarehe 26 Juni 2002 iliyochezwa Saitama na utazame dakika 20 za mwanzo bila kuufuata mpira hata mara moja. Hili ni gumu kuliko linavyosikika, maana jicho limezoea kukimbilia kwenye mpira na mtangazaji naye anakuvuta huko, hivyo wengine huona afadhali kuzima sauti kabisa. Kila Brazil inapopata mpira, weka nukta kwenye chumba alichosimama Gilberto. Kila inapoupoteza, weka alama ya msalaba. Kamera ikimwacha nje ya picha, usikisie, subiri irudi. Nyakati nzuri za kumwona ni wakati wa mpira wa goli, wa kurusha na wa kona, ambapo picha hupanuka na wachezaji wengi huonekana kwa pamoja.

Baada ya dakika hizo 20 jiulize kwa nini nukta zimekaa pale zilipokaa, na jibu utalipata ukiwatazama wenzake. Kocha Luiz Felipe Scolari alipanga mabeki watatu wa kati, Lúcio, Edmílson na Roque Júnior, na pembeni akawaweka Cafu na Roberto Carlos ambao muda mwingi walikuwa karibu na bendera za kona za wapinzani. Mbele walikuwepo Ronaldo na Rivaldo, na katika mechi nyingine Ronaldinho pia, watu ambao hukuwahitaji kurudi nyuma kukaba. Tena Lúcio alipenda kuondoka na mpira miguuni mwake hadi katikati ya uwanja. Timu ya namna hii ina nafasi nyingi wazi nyuma ya watu wanaopanda, na lazima awepo mmoja anayezihesabu. Kwa hiyo Lúcio akipanda, rudisha video sekunde 10 na uangalie Gilberto anafanya nini kabla mpira haujapotea. Akirudi kuziba pengo baada ya mpira kupotea, amechelewa, na katika kazi hii kuchelewa hatua tatu kunatosha kuzaa bao. Hapo ndipo penye kiini cha ujuzi wenyewe, na ningekushauri urudie zoezi hili la sekunde 10 hadi liwe mazoea, hata kama litakumalizia jioni nzima.

Jambo la pili la kuandika ni shingo yake. Kiungo mzuri hugeuka kuangalia nyuma yake kabla ya kupokea mpira, na hufanya hivyo mara nyingi kiasi kwamba usipotazama kwa makini unaweza kudhani ni mazoea tu. Anayeangalia nyuma mapema hupiga pasi yake ya kwanza bila kusita. Pasi za Gilberto nyingi zilikuwa fupi na za kawaida mno. Alimpa mpira mwenzake aliye karibu mwenye kipaji kikubwa kuliko chake, naye akarudi mahali pake. Watu waliomwona mchezaji wa hivi hivi walikosea, kwani pasi rahisi inayopigwa mapema ndiyo iliyompa Rivaldo au Ronaldinho nafasi ya kugeuka kabla hajakabwa. Hata hivyo usimfanye mtu wa pasi za nyuma tu. Bao pekee la mechi hiyo ya Uturuki, dakika ya 49, lilianzia kwake: alipanda na mpira upande wa kushoto, akamkuta Ronaldo, naye Ronaldo akamalizia kwa ncha ya kiatu. Itazame hatua ile mara tatu. Mara ya kwanza mfuate Gilberto, mara ya pili waangalie Waturuki wanavyorudi nyuma badala ya kumkabili, na mara ya tatu tafuta ni nani aliyebaki kulinda nafasi yake alipoondoka.

Jambo la tatu ni miguu yake wakati wa kukaba. Mashabiki hushangilia mkabaji anapoteleza chini na kuondoka na mpira, na ni kweli inapendeza, ila mara nyingi kuteleza ni dalili kwamba mtu alichelewa kufika akalazimika kukata tamaa kwa ustadi. Hesabu ni mara ngapi Gilberto anabaki amesimama, akimsukuma mpinzani kwenda pembeni hadi akose pa kupita. Kule Uingereza baadaye walimwita ukuta usioonekana, jina ambalo kwa maoni yangu linamfaa kuliko mengi waliyopewa wachezaji wa kizazi chake.

Ukimaliza nusu fainali, ifungue robo fainali ya Shizuoka, tarehe 21 Juni. Michael Owen alitangulia kufunga dakika ya 23, Rivaldo akasawazisha mwishoni mwa kipindi cha kwanza, Ronaldinho akafunga la pili kwa mpira wa adhabu dakika ya 50, kisha dakika 7 baadaye akatolewa kwa kadi nyekundu. Ukiwa na haraka, anzia hapo kwenye kadi. Brazil ilicheza zaidi ya nusu saa ikiwa na watu 10, ikiongoza kwa bao moja dhidi ya timu ya David Beckham na Paul Scholes, na Uingereza haikupata nafasi ya maana. Karatasi ya dakika hizo utaiona tofauti na ile ya Uturuki: alama zimekusanyika kwenye vyumba vya kati mbele ya mabeki, karibu kabisa nao, na Kléberson aliyecheza pembeni yake ndiye aliyekuwa akikimbia huku na huko. Katika mashindano yale yote Brazil ilifungwa mabao 4 tu.

Kumsoma katika timu nyingine na mfumo mwingine

Agosti 2002 alisajiliwa Arsenal, na mechi yake ya kwanza, Ngao ya Jamii dhidi ya Liverpool mjini Cardiff, aliingia akitokea benchi akafunga bao pekee. Mwezi uliofuata alifunga dhidi ya PSV mjini Eindhoven baada ya sekunde 20 hivi, bao lililokuwa la mapema zaidi katika Ligi ya Mabingwa hadi Roy Makaay wa Bayern München alipoivunja rekodi hiyo mwaka 2007. Ninayataja mabao haya ili uyaweke kando. Yanavutia kusimulia, lakini hayatakusaidia kumwelewa.

Kitakachokusaidia ni msimu wa 2003/04, ambao Arsenal ilimaliza ligi bila kufungwa, ikishinda michezo 26 na kutoka sare 12. Arsène Wenger alitumia mabeki wanne, na katikati palikuwa na wawili, Gilberto na Patrick Vieira. Ugumu ulikuwa upande wa kushoto. Beki Ashley Cole alipanda sana, Robert Pirès aliyeanzia mbele yake aliingia ndani, na Thierry Henry alipenda kutokea hukohuko. Wachezaji watatu wa hatari walilitumia eneo moja, na mpira ukipotea eneo hilo hubaki tupu. Tazama mechi yoyote ya msimu ule kwa swali moja tu: Cole akipanda, Gilberto anasogea hatua ngapi kuelekea kushoto?

Kama unataka mechi maalumu, chukua ile ya tarehe 25 Aprili 2004 uwanjani White Hart Lane, ambapo sare ya 2-2 na Tottenham iliipa Arsenal ubingwa. Bao la kwanza lilifungwa mapema mno. Tottenham walipiga kona, Arsenal wakapora mpira, Henry akakimbia nao, akampa Dennis Bergkamp, na aliyemalizia mbele ya goli la pili alikuwa Vieira, kiungo wa kati, aliyevuka uwanja mzima. Simamisha picha Vieira anapougusa mpira na utafute walio nyuma. Mbio kama zile haziwezekani kwa kiungo asiyemwamini mwenzake, na ukizitazama kwa jicho hili, sehemu ya sifa za Vieira za msimu ule utaanza kuzigawa.

Kupima kwa kutokuwepo kwake

Hapa ndipo kipindi nilichokitaja mwanzoni kinapohitajika. Mapema katika msimu wa 2004/05 Gilberto aliumia mgongo na hakurudi hadi Aprili 2005. Arsenal, ambayo katika ligi ilifungwa mabao 26 msimu wa nyuma, safari hii ilifungwa 36, na mwendo wa michezo 49 bila kupoteza ulikatizwa Old Trafford tarehe 24 Oktoba 2004. Mechi ya kutazama ni ile ya Novemba dhidi ya Tottenham, ambayo Arsenal ilishinda 5-4. Kwa shabiki ilikuwa burudani tupu. Kwa mtu mwenye karatasi ya vyumba 9, ni nafasi ya kuona chumba cha kati mbele ya mabeki kikipitwa mara kwa mara bila mtu kukaa humo.

Lakini pima kwa uadilifu. Tofauti ya mabao 10 haiwezi kuandikwa yote kwa jina la mtu mmoja, kwani Sol Campbell naye alikosa sehemu kubwa ya msimu huo kwa majeraha, na timu iliyoshambulia namna ile, ikafunga mabao 87, ni lazima ijiachie nyuma. Mbinu sahihi ni kuchukua mabao matano au sita waliyofungwa bila yeye, kuyarudisha nyuma hadi pale mpira ulipopotea, na kuhesabu mangapi yalipitia eneo ambalo katika karatasi za msimu wa nyuma lilijaa alama zake. Yaliyotokana na kona au makosa ya kipa yaondoe.

Tahadhari kama hiyo inahitajika unaposoma takwimu zake. Msimu wa 2006/07 alifunga mabao 10 ya ligi, na asiyejua atasema alibadilika akawa mshambuliaji. Ukweli ni kwamba Henry aliumwa mara nyingi msimu ule, Gilberto akavaa kitambaa cha unahodha na kupewa penalti. Katika ushindi wa 3-0 dhidi ya Tottenham mwezi Desemba 2006 alifunga mawili, yote kwa penalti. Kwa ujumla alicheza mechi 244 Arsenal na kufunga 24, na katika mechi 93 za Brazil alifunga 3. Huwezi kujua ubora wake kwa namba hizo, na ningemshauri mwandishi yeyote wa makala za michezo asizianzie makala kwazo.

Sasa fungua ile mechi ya Juventus uliyoiweka akiba. Robo fainali hiyo ya Ligi ya Mabingwa ilichezwa Highbury, na viungo wa kati wa Juventus walikuwa Vieira, aliyeuzwa miezi michache kabla, na Emerson, yule aliyeteguka bega mwaka 2002. Gilberto alikuwa upande wa pili, pembeni ya Cesc Fàbregas mwenye umri wa miaka 18. Arsenal ilishinda 2-0. Weka karatasi tatu kwa mara moja, moja kwa kila mkabaji, na uone ni nani anayefika kwenye mpira akiwa amesimama na nani anayefika akikimbia.

Miaka ya mwisho

Wachezaji wengi hutazamwa katika ubora wao pekee, na hilo ni kosa, kwani umri hufichua kile ambacho nguvu ilikuwa ikikifunika. Msimu wa 2007/08 alipoteza nafasi yake kwa Mathieu Flamini, mkimbiaji kuliko yeye, na mwaka 2008 akaenda Panathinaikos ya Ugiriki, akashinda nayo ligi na kombe katika msimu wa 2009/10. Dunga, aliyekuwa kocha wa taifa, aliendelea kumwamini. Alikuwa kwenye kikosi kilichopita Dar es Salaam tarehe 7 Juni 2010 na kuifunga Tanzania 5-1, na waliokuwepo Uwanja wa Taifa siku ile watakusimulia Robinho na Kaká; ukiwauliza habari za namba 8 watakutazama.

Wiki chache baadaye, tarehe 2 Julai mjini Port Elizabeth, Brazil ilitolewa na Uholanzi kwa 2-1. Mechi hii itazame mwisho. Kipindi cha kwanza Brazil ilikuwa na utulivu, Robinho amefunga mapema, na Gilberto aliye na miaka 33 anaonekana kukimbia kidogo sana kwa sababu hahitaji. Baada ya Wesley Sneijder kusawazisha, wenzake walianza kukasirika, Sneijder akafunga tena kwa kichwa kutokana na kona, kisha Felipe Melo akatolewa nje dakika ya 73. Linganisha karatasi ya dakika hizo na ile ya Shizuoka, ambako pia walikuwa 10. Kule walikuwa wakiongoza na wangeweza kukaa kwenye vyumba vyao; hapa ilibidi wavitoke, na mkabaji mwenye umri huo hana mbio za kuzuia uwanja uliofunguka.

Baadaye alirudi Brazil, akachezea Grêmio, kisha Atlético Mineiro iliyotwaa Copa Libertadores, kombe la klabu za Amerika Kusini, mwaka 2013. Ukitaka kuendelea na zoezi baada ya hapo, lihamishie kwenye mechi ya moja kwa moja ya timu yako. Uwanjani kaa juu na nyuma ya goli, ambapo utaona umbali kati ya kiungo na mabeki wake bila kutegemea kamera, chagua mtu mmoja kwa kila kipindi, na karatasi zako za Gilberto ziwe nawe kwa ajili ya kulinganisha.